Je, mchoraji akiongoza filamu anapoteza kalamu? Jibu kuhusu Katsuhiro Otomo

*"Shikamoo mwalimu. Nina miaka 26, niko Tanga, nachora hadithi ya picha kwa wino kwenye karatasi. Nimefika ukurasa wa 180 na hadithi haijafika nusu. Natoa sura moja moja mtandaoni na watu wanasoma. Sasa kampuni moja ndogo ya video imenifuata, inataka kuifanya filamu ya katuni, na wanasema niiongoze mwenyewe kwa kuwa anayejua kupanga picha kwenye ukurasa tayari ni mwongozaji. Rafiki yangu kaniambia nifuatilie maisha ya Katsuhiro Otomo wa Japani, aliyechora Akira kisha akaongoza filamu yake. Nikisoma huku na huku naona kama alipoingia kwenye filamu ndiyo ukawa mwisho wake wa kuchora. Ni kweli? Alisomea wapi? Na mimi nisimamishe hadithi niende kwenye filamu, au nikatae? Naogopa kupoteza vyote viwili. Halafu siku hizi mkono wangu wa kulia unakufa ganzi usiku, sijui kama ni uchovu tu."*

Marahaba, mdogo wangu. Umeweka maswali mengi kwenye kapu moja, na nadhani lililo zito ni lile ulilolipitia haraka: unaogopa kupoteza vyote viwili. Hofu hiyo ina msingi. Otomo hakuvipoteza, lakini alilipa, na alilipa kwa kitu ambacho hao waliokufuata hawatakutajia, yaani miaka. Nitakujibu kwa urefu kidogo kwa sababu maisha yake husimuliwa kwa mkato mno, na mkato huo ndio unaowapoteza vijana wengi wanaochora.

Simulizi ya mkato husema hivi: palikuwa na mchoraji, akachora Akira, ikapendwa, studio ikamwita, akawa mwongozaji, kalamu akaitupa. Ukiweka tarehe mezani, mambo hayakwenda hivyo.

Otomo alizaliwa tarehe 14 Aprili 1954 katika mkoa wa Miyagi, kaskazini-mashariki mwa Japani. Alipomaliza sekondari akaenda Tokyo kutafuta kazi ya kuchora, na Oktoba 1973, akiwa na miaka 19, jarida la Manga Action likachapisha kazi yake ya kwanza, hadithi fupi iliyotokana na "Mateo Falcone" ya mwandishi Mfaransa Prosper Mérimée. Ulipouliza alisomea wapi, jibu lake ni fupi: chuo cha filamu hakupita. Alikuwa mpenzi wa sinema tangu ujana, hasa za Kimarekani, na alipofika mjini akaanza kazi.

Kwa miaka yote iliyobaki ya muongo ule alichora hadithi fupifupi. Hapa wasimulizi wengi hupita mbio, nami nataka tukae kidogo. Wachoraji wengi wa manga, yaani hadithi za picha za Kijapani, wakati ule walitumia nyuso za macho makubwa, urithi wa Osamu Tezuka, mchoraji wa kizazi kilichomtangulia. Otomo akachora Wajapani wenye sura za Wajapani: macho madogo, miili ya kawaida, vijana wasio na mbele wala nyuma, vyumba vidogo vya kupanga vilivyojaa takataka. Nyuma yao akaweka majengo yaliyopimwa kwa mistari hadi dirisha la mwisho. Hadithi fupi zilimpa jambo ambalo hadithi ndefu haimpi mchoraji kijana, nalo ni kumaliza. Alimaliza kazi moja, akajua ilipokosea, akaanza nyingine. Hata hivyo, alipojaribu kitu kikubwa zaidi mwaka 1979, hadithi ya Fireball, aliiacha bila kuikamilisha kama alivyokusudia. Baadhi ya mawazo yake, kama vile vijana wenye nguvu za ajabu na dola inayowatumia, yakarudi baadaye ndani ya Akira.

Kisha ikaja Domu, iliyotoka kwa sura kati ya mwaka 1980 na 1981, na kitabu kikatoka 1983. Mahali pake ni mtaa mmoja wa maghorofa ya makazi, watu wanakufa bila sababu inayoeleweka, na vita vyenyewe ni kati ya mzee aliyerudiwa na utoto na msichana mdogo. Ilipewa tuzo kuu ya Japani ya hadithi za kubuni za kisayansi, ambayo hadi hapo haikuwahi kwenda kwa kazi ya manga. Ukiipata, isome kabla ya Akira. Tazama anavyoweka jicho: juu ya paa, chini ya ngazi, ndani ya lifti, mbali kabisa ng'ambo ya uwanja. Kurasa nyingi hazina neno hata moja, na bado unajua nani anamtazama nani.

Sasa tufike mwaka 1982, ambao kwangu ndio wenye jibu la nusu ya swali lako. Desemba mwaka huo Akira ilianza kutoka katika Young Magazine la kampuni ya Kodansha. Mwaka huohuo Otomo alitengeneza filamu yake mwenyewe ya milimita 16, yenye waigizaji wa kweli. Kwa hiyo hakuna siku aliyovuka kutoka karatasi kwenda kwenye kamera, vilikwenda pamoja. Mwaka 1983 akaajiriwa kusanifu wahusika wa filamu ya uhuishaji, yaani katuni, ya Harmagedon, iliyoongozwa na Rintaro, na huko ndiko alikoiona studio kwa ndani: nani anaamua nini, na mchoro wako unafikaje kwenye skrini ukiwa umepita mikononi mwa watu hamsini. Mwaka 1987 akaongoza vipande vifupi, kimoja ndani ya filamu ya mkusanyiko ya Neo Tokyo, vingine vikiwa ufunguzi na hitimisho la Robot Carnival. Hapo ndipo ikaja Akira ya sinema, tarehe 16 Julai 1988.

Hesabu mwenyewe: tangu hadithi yake ya kwanza kuchapishwa hadi kuongoza filamu ndefu ya uhuishaji ilipita miaka 15, na tangu aingie mara ya kwanza katika studio ya uhuishaji ilipita mitano. Wewe unaombwa uvuke umbali huo kwa mkutano mmoja.

Jambo jingine linalosemwa vibaya ni kwamba filamu ni muhtasari wa kitabu kilichokwisha. Filamu ilitoka 1988, kitabu kikamalizika 1990. Hadithi ilisimama gazetini wakati filamu ikitengenezwa, kisha akairudia akaimaliza. Jumla ni sura 120, mabuku sita, kurasa zaidi ya 2,000. Ndiyo maana ukilinganisha vitu hivi viwili unakuta ndugu wawili wasiofanana. Kwenye kitabu Akira ni mtoto aliye hai, anatembea, anakaa kitini, watu wanamtangaza mfalme. Kwenye filamu amebaki viungo ndani ya chupa za maabara. Bibi Miyako, ambaye kitabuni ni nguzo ya hadithi, kwenye filamu ni mhubiri wa barabarani anayeonekana kwa muda mfupi tu. Mlipuko unaobomoa mji wa Neo-Tokyo uko katikati ya kitabu, na nusu nzima inayofuata ni maisha ndani ya kifusi: himaya ya vijana, njaa, majeshi ya kigeni. Filamu inalipua mji karibu na mwisho kisha inafunga. Huku si kupunguza tu. Aliyekata ni mtu aliyekuwa bado hajamaliza kuandika, na mkasi ulikuwa wake. Hilo la mkasi nitalirudia nikifika kwenye mkataba.

Nije kwenye ile kauli kwamba "anayejua kupanga picha kwenye ukurasa tayari ni mwongozaji". Ina ukweli nusu, na nusu ya pili ndiyo itakayokula miaka yako.

Ukurasa unakufundisha mahali pa kusimamisha jicho, kitu cha kuonyesha na cha kuficha, mwili unavyosema bila maneno. Hayo Otomo alikuwa nayo kwa wingi, na naamini wewe unayo kwa kiasi chako ukiwa na kurasa 180 zinazosomwa. Lakini ukurasa haukufundishi muda. Msomaji wa kitabu ndiye mwenye saa: akipenda kisanduku kimoja cha picha anakaa nacho, akichoka anaruka, akipotea anarudi nyuma kurasa tatu. Kwenye filamu saa umeichukua wewe. Mlango ukifunguka kwa sekunde mbili badala ya moja, kila mtu ukumbini anasubiri pamoja nawe, na kama hakuna sababu ya kusubiri utawasikia wakikohoa. Kisanduku kizuri kilichojaa vitu ishirini, ambacho msomaji angekichunguza dakika nzima, kwenye skrini kinapita kabla jicho halijakamata vitano.

Halafu kuna sauti. Kwenye Akira waigizaji walirekodiwa kabla, wachoraji wakafuatisha midomo na nyuso na sauti hizo, wakati kawaida ya Japani ilikuwa kuchora kwanza na kuweka sauti baadaye. Muziki ukapewa kundi la Geinoh Yamashirogumi, lenye ngoma, kengele na kwaya, mbali kabisa na magitaa ambayo mtu angetarajia kwa hadithi ya genge la pikipiki. Mambo hayo hayakuwepo kwenye ukurasa wowote. Ni maamuzi ya mwongozaji, na ukiyakosea, uzuri wa mchoro hauyaokoi.

Lililo gumu kuliko yote ni mikono ya watu wengine. Filamu ile ina dakika 124. Sekunde moja ya filamu ni fremu 24, yaani picha 24 zinazofuatana, hivyo unazungumzia fremu zaidi ya 178,000 za kujazwa. Uhuishaji wa televisheni wa Japani, tangu Tezuka aanze kurusha Astro Boy Januari 1963, uliishi kwa kubana: michoro takriban minane kwa sekunde, mara nyingi pungufu, mwili umesimama na mdomo pekee unacheza. Otomo na wenzake hawakubana. Walitumia seli zaidi ya 160,000, zile karatasi angavu za plastiki zilizopakwa rangi kwa mkono. Walitumia rangi 327, na 50 kati ya hizo zilitengenezwa kwa ajili ya filamu hiyo, kwa sababu sehemu kubwa ya hadithi iko usiku, na usiku ukitumia rangi chache unakuwa tope tu. Otomo alichora storibodi, yaani mpango wa filamu uliochorwa picha kwa picha, ya kurasa zaidi ya 700 ili watu hao wote wajue wanachora nini. Kuongoza kwenyewe ni huko: kuchora ili mwingine achore, kisha kuukubali mkono ambao si wako, au kuurudisha kwa adabu mara ya tatu bila kumvunja moyo mwenye mkono. Wapo wachoraji mahiri wasioweza hilo hata kwa dawa. Mtu aliyezoea kufunga mlango na kumaliza ukurasa peke yake usiku huumia sana kwenye chumba cha watu thelathini wanaomsubiri aseme neno. Jiulize wewe ni wa aina gani. Sikulaumu ukiwa wa aina ya kwanza.

Na pesa. Hakuna kampuni moja iliyotaka kubeba mzigo ule peke yake, ndiyo maana iliundwa Kamati ya Akira: Kodansha kama mchapishaji, Toho kama msambazaji, Bandai, kituo cha televisheni cha Mainichi na wengine, huku studio ya Tokyo Movie Shinsha ikitengeneza. Sasa angalia alichofanya Otomo. Baada ya kuionja kazi ya Harmagedon, ambako alikuwa msanifu chini ya wengine, alikubali Akira igeuzwe filamu kwa sharti kwamba maamuzi ya ubunifu yabaki kwake. Kwa nini kampuni kubwa kama hizo zikubali sharti la mtu ambaye hajawahi kuongoza filamu ndefu ya uhuishaji? Kwa sababu kitabu kilikuwa kimeshapata Tuzo ya Manga ya Kodansha mwaka 1984 na kilikuwa na wasomaji wanaosubiri. Nguvu ya kusema "hapana" ilitoka kwenye manga. Ukiingia kwenye filamu na kitabu ambacho hakijafika nusu, unaingia bila nguvu hiyo, hata wakuite mwongozaji kila asubuhi.

Sasa lile swali chungu: je, aliacha kuchora? Sitakudanganya. Baada ya Akira kumalizika 1990, hakuchora tena kwa mkono wake hadithi ndefu ya aina ile. Alipoandika The Legend of Mother Sarah, iliyoanza mwaka huohuo wa 1990, michoro ilikuwa ya Takumi Nagayasu. Yeye akaenda kuongoza filamu ya waigizaji, World Apartment Horror, mwaka 1991. Mwaka huohuo aliandika Roujin Z na kusanifu mitambo yake, lakini uongozaji akamwachia Hiroyuki Kitakubo. Mwaka 1995 ikatoka Memories, yenye sehemu tatu, na ya tatu, Cannon Fodder, ndiyo aliyoiongoza yeye: mji mzima unaoishi kwa ajili ya kupakia na kufyatua mizinga, umeonyeshwa kana kwamba kamera haikukatwa hata mara moja. Kisha Steamboy, hadithi ya Uingereza ya mwaka 1866, mvuke na mitambo, iliyotoka Julai 2004 baada ya takriban miaka kumi ya kazi. Kumi. Kwa filamu moja ambayo haikuvuma kama ile ya kwanza.

Ukihesabu filamu ndefu za uhuishaji alizoongoza mwenyewe, mbili ndizo zilizoacha alama, ya 1988 na ya 2004, na mwaka 2019 akatangaza nyingine, Orbital Era. Mtu aliyekuwa akitoa hadithi fupi moja baada ya nyingine alibadilika akawa mtu wa kazi moja kwa muongo. Hiyo ndiyo bei. Wapo wanaosema ilikuwa hasara kwa manga, na mimi, kama msomaji, huwaelewa.

Lakini mkono wenyewe haukufa. Mwaka 2012 alitoa Combustible, filamu fupi ya dakika kama kumi na mbili kuhusu wazima moto wa Edo, mji ulioitwa Tokyo baadaye. Imechorwa kwa mtindo wa magombo ya kale ya picha ya Japani, yale yanayokunjuliwa kutoka kulia. Ni kazi ya mtu anayejua mstari. Wapenzi wa Steamboy watanisamehe, lakini kwangu Otomo mwongozaji yuko kwenye ubora wake anapokuwa na dakika chache: Cannon Fodder na Combustible zina kila alichonacho bila uzito wa kamati. Na mwaka 2015 tamasha la Angoulême la Ufaransa, ambalo ni baraza kuu la wachoraji wa hadithi za picha barani Ulaya, lilimpa Tuzo Kuu yake, akawa Mjapani wa kwanza kuipata. Ni miaka 25 baada ya ukurasa wa mwisho wa Akira, na waliompigia kura ni wachoraji wenzake.

Otomo si mfano pekee, na pengine kwako si mfano bora. Satoshi Kon alianza kama mchoraji wa manga, akamsaidia Otomo kwenye Akira, akaingia kwenye filamu, na baada ya Perfect Blue ya 1997 sinema ndiyo iliyomchukua hadi alipofariki mwaka 2010 akiwa na miaka 46. Yeye kweli alivuka na hakurudi. Hayao Miyazaki alikuja kwa njia ya kinyume: alikuwa mtu wa uhuishaji kwa miaka mingi kabla ya kuanza kuchora manga ya Nausicaä mwaka 1982. Filamu yake ikatoka 1984 na kitabu akaendelea nacho polepole hadi 1994, bila kukitupa. Na yupo Takehiko Inoue, ambaye huwa namtaja kwa wanafunzi wenye haraka. Alimaliza manga yake ya mpira wa kikapu, Slam Dunk, mwaka 1996. Filamu aliyoiandika na kuiongoza mwenyewe, The First Slam Dunk, ilitoka Desemba 2022. Hakuwa amewahi kuongoza filamu kabla ya hapo. Hadithi ilimsubiri robo karne na haikuharibika.

Kwa hiyo tuzungumze kuhusu wewe. Kusimamisha hadithi sasa na kuingia kwenye filamu ndefu sikushauri. Si kwamba huwezi. Ni kwamba utakuwa na vitu viwili visivyokwisha, na filamu ndefu za uhuishaji zinazokwama katikati ni nyingi kuliko zinazomalizika. Wasomaji wako watasubiri miezi sita, labda mwaka, kisha watatafuta kingine. Kukataa kabisa nako kuna gharama. Watu wanaokuja wenyewe na kompyuta, umeme na nia hawapatikani kila mwezi, na kuna mambo hutayajua mpaka uone mchoro wako ukitembea.

Ningekuwa wewe ningewaambia: tuanze na dakika tatu. Chagua kisa kidogo kilichokamilika, ama sura moja inayosimama peke yake ama hadithi mpya ya wahusika walewale. Dakika tatu kwa michoro minane kwa sekunde ni michoro 1,440, bila kuhesabu mandhari. Ukishaiona namba hiyo kwenye karatasi pamoja na hao jamaa, utajua mara moja kama wanaelewa wanachokiomba. Wakishtuka, heri washtuke leo. Wakisema "sawa, tuna wachoraji wanne na miezi kadhaa", hapo kuna mazungumzo.

Kabla hata ya hapo, fanya jaribio lisilo na gharama. Chukua kurasa 20 ulizochora, piga picha kila kisanduku kwa simu, vipange kwenye programu yoyote ya kuhariri video, soma maneno ya wahusika kwa sauti yako mwenyewe na uamue kila kisanduku kikae muda gani. Usiweke muziki, muziki huficha makosa. Mwonyeshe mtu ambaye hajasoma hadithi yako, kisha mtazame yeye, usiitazame skrini. Atakapochukua simu yake, andika ni sekunde ya ngapi. Ukifanya hivyo ukaona unafurahia kurekebisha muda kuliko ulivyofurahia kuchora, basi una damu ya mwongozaji. Ukiona ni adhabu, umejua mapema na bado una kurasa zako.

Kuna njia nyingine ambayo vijana huiona kama kushindwa, na si kushindwa: mwache mwingine aongoze. Otomo alifanya hivyo mara nyingi. Metropolis ya 2001, iliyotokana na manga ya Tezuka, aliiandika yeye na Rintaro akaiongoza. Sehemu ya kwanza ya Memories, ambayo watu wengi huiona bora kuliko zote tatu, iliongozwa na Koji Morimoto kutokana na hadithi ya Otomo. Unaweza kusanifu wahusika, ukachora storibodi, ukakaa kwenye uhariri, huku siku tatu za juma ukiendelea na ukurasa wa 181. Kwa umri wako na hadithi yako ilipofika, hiyo huenda ndiyo nafasi ya kujifunza bila kuzama.

Mkataba sasa, na hapa mimi ni mwalimu wa uhuishaji, si mwanasheria. Usisaini kitu kwa kusomewa. Nenda na kurasa zako, zenye tarehe ulizozitoa, kwenye ofisi ya hakimiliki, COSOTA, uulize kuhusu kuzisajili kabla mazungumzo hayajakolea. Kisha mtafute wakili aliyewahi kushughulikia kazi za sanaa, ukae naye ana kwa ana hata kwa saa moja ya kulipia. Mwambie akuangalizie mambo haya: wahusika wanabaki mali ya nani, ruhusa unayotoa ni ya filamu moja au ya kila kitu, pamoja na michezo ya simu na fulana, filamu ikikwama, haki zinarudi kwako baada ya muda gani, na nani ana neno la mwisho kwenye kukata. Nilikuambia nitaurudia mkasi. Otomo aliikata Akira vibaya au vizuri, watu watabishana, ila hakukatiwa na mtu. Wakikataa kuandika hilo, si lazima uvunje mazungumzo, lakini bei ibadilike, na usiwape zaidi ya kisa kimoja kifupi. Jihadhari pia na mkataba unaokuzuia kuendelea kutoa sura mtandaoni wakati filamu ikitengenezwa. Hicho kifungu kikiwepo, kitolewe.

Kwenda kusoma Japani, ambako hukuuliza lakini najua kunakuja, hakuhitajiki kwa hatua uliyopo.

Limebaki la mkono, na hili usiliweke nyuma ya hayo mengine. Ganzi inayokuja usiku kwenye mkono unaochorea si jambo la kusubiri lipite, wala si la kumuuliza mwalimu wa uhuishaji. Huenda ni mshipa wa fahamu unaobanwa kwenye kifundo, huenda ni shingo, huenda ni kitu kingine kabisa, na mwenye kujua ni daktari atakayeushika mkono wenyewe. Nenda hospitali wiki hii, kabla ya kukutana tena na hao jamaa. Kwa sasa punguza saa za kukaa bila kuinuka na usiibane kalamu kwa nguvu. Ukianza kushindwa kufunga vifungo vya shati au vitu vikikuponyoka, usingoje hata hiyo wiki. Ukifika kwa daktari usiseme "nachora chora tu". Mwambie unachora saa ngapi kwa siku, umekaa vipi, ganzi inaanzia vidole gani na inakuamsha saa ngapi, na mchukulie hata ukurasa mmoja wenye mistari myembamba aone mkono huo unafanya kazi ya aina gani.